Askari wa Mwisho wa Bingwa

Mwanangu, kuna Jumamosi moja ambayo kila ikinijia akilini, mkono wangu wa kulia hutoa jasho, hata kama ni mwezi wa sita na baridi ya Katanga imekaza. Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Mji wetu bado ulikuwa ukiitwa Elisabethville, na sisi watu weusi tulikaa cité, ng'ambo ya uwanja mtupu uliotutenganisha na mitaa ya Wazungu. Siku hiyo nilicheza sataranji na bingwa mkuu, grand maître kama walivyosema kwa Kifaransa, mtu aliyekuwa amevuka bahari kuja kutuonyesha kichwa chake.

Jana mama yako alikuja hapa Kampemba, akaketi pale pale unapoketi wewe, akasema unataka kuacha masomo, uende Kinshasa kwenye mashindano, na ukifika huko usirudi mpaka uwe bingwa. Hakuniomba nikukataze. Aliniomba niseme na wewe. Basi nitakusimulia kwanza, na shauri litafuata. Usinikatize ukiona nasogea polepole, ndivyo nilivyo.

Siku zile nilifanya kazi kwa Mzee Ramazani, fundi wa samani. Alikuwa Mwislamu wa ukoo wa Maniema, na sataranji aliipata kwa baba yake, ambaye aliipata kwa wafanyabiashara waliotoka pwani. Mimi nilipiga msasa miguu ya meza na viti. Kazi ikiisha, vumbi likifagiliwa, ubao ulitolewa barazani na watu wakaja: mafundi cherehani, wauza chumvi, makarani wa ofisi wenye kalamu mfukoni. Wachezaji walikuwa wawili, na waliobaki wote walikuwa majaji.

Mchezo wa barazani kwa Mzee Ramazani ulikuwa na desturi yake. Ulipomla mwenzako askari wake wote, farasi wake na ngome zake, akabaki mfalme peke yake, uliweka kiganja chako juu ya ubao na kusema, "Mfalme uchi." Hapo mchezo umekwisha, umeshinda, na aliyeshindwa anakumiminia chai. Nililipenda neno hilo kuliko chai yenyewe. Wengine walikuwa wepesi wa kumtega mfalme katikati ya vita. Mimi nilikuwa mtu wa kumvua: taratibu, kipande kwa kipande, mpaka asibaki na kitu. Walinitania kwamba nacheza kama mtoza kodi.

Namna ya Wazungu tuliijua pia, au tulidhani tunaijua. Karani mmoja jirani yetu, jina lake Ilunga, aliwahi kupanga viti katika klabu yao na kuwatazama wakicheza. Yeye ndiye aliyetuletea mwendo mpya wa malkia, ambaye sisi tuliendelea kumwita waziri, na namna ya kumficha mfalme nyuma ya ngome. Tukamwuliza, na mwisho wao ukoje?

"Bo hawafikaka kwa mwisho," Ilunga alisema. "Muntu akiona mambo imeharibika, analalisha mufalume yake, banapeana mukono, banaenda kunywa bia."

Tulicheka. Tukaona ni watu wasio na subira. Tukachukua mwendo wao wa malkia, na mwisho tukabaki na wetu. Shika hapo, mwanangu, maana hapo ndipo kila kitu kilipoanza kuharibika, na hakuna mtu barazani aliyesikia hata sauti ya ufa.

Habari ya bingwa ililetwa na Ilunga huyo huyo. Mgeni alikuwa akitoka Léopoldville kwenda Rhodesia, na hapa kwetu angecheza na watu wengi kwa pamoja: wao wameketi kwenye meza zilizopangwa kama mstatili, yeye anazunguka kwa ndani, anasimama kwa kila mmoja, anasogeza kipande, anapita. Klabu iliamua kuwapa watu wa cité viti viwili. Kimoja kilikuwa cha Ilunga, kwa sababu Kifaransa chake kilikuwa kizuri. Cha pili Mzee Ramazani alisema ni changu.

Sikulala vizuri tangu siku hiyo, na si kwa sababu ya bingwa. Ilikuwa kwa sababu ya baba yangu. Baba alifanya kazi kwenye tanuru za shaba, na kwa kuombaomba kwa rafiki yake alikuwa amenipatia nafasi ya kujifunza telegrafu katika stesheni ya Sakania, mpakani kabisa. Kwake hiyo ilikuwa kazi ya kivulini, kazi ya kukaa kwenye kiti, kazi isiyomla mtu mapafu. Kwangu ilikuwa kaburi. Nani angecheza na mimi Sakania? Katika magazeti ya zamani niliyoyaokota hapa na pale nilikuwa nimesoma habari za mabingwa: huyu ameshinda mji fulani, yule amepewa kikombe na malkia wa nchi fulani, mwingine amepanda meli kwenda kutetea cheo chake. Nilijiona katika meli hiyo. Stesheni ya Sakania haikuwemo.

Tulisemezana jikoni, mama akisonga bukari, ugali wetu.

"Treni ya siku ya Mungu inaondoka na weye ndani," Baba alisema, akimaanisha Jumapili.

"Baba, uniache nicheze kwanza na ule bingwa."

"Ucheze. Na kisha?"

"Kisha ataona. Bote bataona."

"Bataona nini?" Mama alidakia bila kugeuza shingo. "Muntu muzima anasukuma bifarasi bya miti. Banakulipaka nini, majani ya chai?"

Baba hakucheka. Alinawa mikono yake ambayo haikutakata kamwe. Kisha akasema neno ambalo sikulitarajia.

"Kama ukimupiga ule muzungu, mi mwenyewe nitaenda kuambia rafiki yangu mutoto amepata kazi ingine. Utabakia hapa na mbao yako. Usipomupiga, unapanda treni. Na sitaki maneno."

"Na kama..."

"Nilisema sitaki maneno."

Baba yangu alikuwa mtu wa neno moja. Nilijua kwamba nikishinda, atashika ahadi hata ikimuuma, na nikishindwa, atanibebea sanduku yeye mwenyewe mpaka stesheni. Hivyo nilikwenda kwenye meza ile nikiwa nimebeba maisha yangu yote mgongoni, na hakuna mzigo mbaya kuliko huo kwa mtu anayetakiwa kufikiri.

Ukumbi ulikuwa na viti karibu thelathini. Ilunga aliketi upande mmoja nami, watu kadhaa katikati yetu. Mzee Ramazani alisimama ukutani na kofia yake nyeupe, na Baba alisimama karibu naye akiwa bado na nguo za kazini. Tulisomewa masharti mawili: kipande ukikigusa lazima ukichezeshe, na hutachezesha mpaka bingwa afike mbele yako, akifika, huruhusiwi kumchelewesha.

Nilitazamia kuona mtu mkubwa. Aliingia mtu mwembamba, koti limempwaya mabegani, mikono ya koti imeng'aa kwa kuvaliwa sana. Nywele zilikuwa zimemtoka mpaka kisogoni. Alikunywa maji ya moto kwenye glasi, akashika tumbo lake kidogo, akaanza kuzunguka. Mkono wake ulikuwa mwepesi. Alisogeza kipande na kupita kama mtu anayefunga madirisha ya nyumba yake mwenyewe.

Mwanzoni nilikuwa na nafasi. Alipokwenda kuzunguka meza zote nilipata muda wa kuhesabu, na hesabu ndiyo iliyokuwa nguvu yangu. Lakini sikiliza jinsi mchezo wa namna hiyo ulivyotengenezwa. Watu wakianza kushindwa, meza zinapungua. Meza zikipungua, bingwa anarudi kwako upesi zaidi. Kadiri mambo yanavyokuwa magumu, ndivyo muda wako unavyokatwa. Ilunga alianguka mapema. Nilimwona akilaza mfalme wake kwa ustaarabu kama alivyowaona wakifanya, akasimama, akatabasamu, akaenda kukaa ukutani. Mmoja akaanguka, na mwingine. Nikaanza kusikia viatu vya bingwa kabla hajafika. Kulikuwa na ubao wa sakafu uliolia kila alipoukanyaga karibu na kona yangu, na kila ulipolia tumbo langu lilijikunja.

Lakini nilikuwa nikishinda. Nakuambia hili bila kujisifu, kwa sababu ni jambo linalohitajika ili uelewe. Alikuwa amechoka, alisogeza farasi wake haraka kupita kiasi, na mimi nikamla. Kutoka hapo nilifanya kama nilivyofanya barazani: nikamvua. Kila alichonipa nilikichukua. Askari wangu mmoja alitembea mpaka mwisho wa ubao akawa waziri mpya. Watu waliokwisha kushindwa walianza kukusanyika nyuma yangu. Nilihisi pumzi zao shingoni. Nilitazama ukutani mara moja tu. Baba alikuwa ameishika kofia yake kwa mikono miwili kama mtu aliye kanisani.

Ikafika mahali bingwa alikuwa na mfalme na askari mmoja tu. Mfalme wake alisimama kando ya askari huyo, akimlinda. Mimi nilikuwa na waziri wangu, na mfalme wangu yuko hatua chache nyuma, salama. Ubao wa sakafu ukalia. Bingwa akafika, nikamsogeza waziri wangu. Hakuutazama ubao wa mchezo. Alinitazama mimi usoni, kwa utulivu, kama mtu anayesoma bei ya kitu dukani. Kisha akamsogeza mfalme wake mpaka kwenye pembe kabisa ya ubao, akamwacha askari wake peke yake, bila mlinzi.

Kwa nini alimwacha? Swali hilo ndilo mtu aliyefundishwa hujiuliza kwanza. Mimi sikujiuliza. Nilikuwa tayari nimeiona baraza ya Mzee Ramazani, nimemwona Baba akienda kumwambia rafiki yake kwamba mtoto amepata kazi nyingine. Kabla hajapita, nikamshika waziri wangu, nikamla askari wa mwisho. Kisha nikaweka kiganja juu ya ubao mbele ya watu wote, nikasema kwa sauti iliyotetemeka, "Mfalme uchi."

Bingwa alikitazama kiganja changu kwa mshangao, akasubiri nikiondoe. Nilipokiondoa, akauelekeza ubao kwa kidole na kusema kwa Kifaransa cha polepole ili nielewe.

"Ni zamu yangu kucheza. Mfalme wangu hajapigwa. Lakini kila mahali anapoweza kwenda, waziri wako anapalinda. Sina pa kukanyaga. Kwa hiyo hakuna aliyeshinda. Ni sare."

Akanipa mkono. Wazungu walipiga makofi, na wachache walinipiga begani, maana kutoka sare na bingwa mkuu si jambo dogo, na wengi wao walikuwa wamekwisha kulaza wafalme wao zamani. Nilisimama katikati ya makofi hayo kama mtu anayepongezwa kwenye msiba wake. Nilijua sasa. Nilikuwa na nafasi ya kumkamata mfalme yule pembeni, na ningemkamata kama ningemwacha askari wake aishi. Nilichagua kumla kwa sababu kwetu kumla ndiko kushinda.

Nje jua lilikuwa linazama nyuma ya ukumbi, na tulipaswa kurudi cité kabla ya king'ora kilichotufungia mitaa ya Wazungu usiku. Baba alitembea mbele. Alisimama ghafla.

"Kazadi. Ulimupiga ao hukumupiga?"

"Sikumupiga, Baba. Lakini naye hakunipiga."

"Mi sikusema asikupige."

Mzee Ramazani alitangulia kunitetea. "Kosa ni yangu. Mi njo nilimufundisha ile ya mufalume uchi. Kwetu alishinda."

"Muzee, kwako anashindaka kila siku, na chai yako anakunywaka," Baba alisema kwa upole, maana alimheshimu. "Mi ninauliza yeye. Ulienda kucheza kwa meza ya nani?"

"Kwa meza ya ule bingwa."

"Juu ya nini hukuuliza kwanza namna banamalizaka kule?"

Niliona hasira ikinipanda, nikasema kitu ambacho hata sasa nakisikia kikiwa kidogo na chungu mdomoni. "Lakini kwetu nilishinda."

"Basi ushinde kwetu," Baba alisema. "Treni iko kesho."

Asubuhi alinibebea sanduku, kama nilivyojua. Mama alinifungia samaki wakavu wa Pweto kwenye gazeti. Mzee Ramazani alikuja na ubao mdogo aliouranda mwenyewe, akaniwekea kwapani, na nikaona macho yake mekundu. Treni ilipoanza kusogea nilikuwa nikihesabu hatua zile za mwisho tena na tena. Waziri hapa, mfalme pale. Kama ningengoja. Kama ningemsogeza mfalme wangu kwanza. Nilizihesabu njia nzima na kila hesabu ilinipa ushindi, na treni ikazidi kwenda kusini.

Sakania treni husimama muda mrefu, maana ni mpaka, na karatasi za abiria lazima zikaguliwe. Nilikuwa nimeshuka na sanduku langu, namtafuta mkuu wa stesheni, nilipoona koti lile lililompwaya mtu mabegani. Bingwa alikuwa akitembea jukwaani kunyoosha miguu. Alikuwa kwenye treni hiyo hiyo, katika mabehewa ya mbele ambayo sisi hatukupanda. Alinitambua kabla sijaamua kama nijifiche.

"Wewe," alisema. "Askari wa mwisho."

Nikamwamkia. Akatoa mfukoni ubao mdogo wa safari, wenye vipande vya kuchomeka kwenye matundu, akaupanga pale pale juu ya sanduku langu kama tulivyouacha. Hakunisomea somo refu. Alimrudisha askari mahali pake, akamsogeza mfalme wangu, kisha tena, kisha waziri akashuka. Mfalme wake akawa amekamatwa.

"Ulikuwa na hii," alisema. "Niliogopa sana utaiona."

Sikuamini kwamba mtu kama yeye anaweza kutumia neno hilo. Nikamwuliza, aliogopa nini, mtu mwenye vikombe vyote vile?

Akacheka kidogo, bila furaha. Kisha akaniambia habari za maisha yake, na nilizisikiliza kwa makini kuliko nilivyowahi kumsikiliza padri. Alisema alijifunza sataranji akiwa mtoto, katika nyumba isiyokuwa na moto wakati wa baridi, na mchezo ulimsaidia asisikie baridi. Alikuwa fundi saa. Kwa miaka mingi alitengeneza saa mchana na kucheza jioni, na vita vikaja vikamla miaka ambayo kichwa cha mchezaji huwa kikali zaidi. Vilipokwisha, alishinda taji la nchi yake, kisha akashinda mashindano matatu makubwa, na cheo cha bingwa mkuu kikamfikia wakati nywele zimeshampungia mkono wa kwaheri. Watu wanahesabu ushindi, alisema. Hakuna anayehesabu miji aliyofika akaondoka bila kitu, wala hoteli alizokaa akiumwa tumbo kabla ya mchezo. Tumbo hilo halikupona hata siku moja.

"Kule ninakokwenda," alisema akionyesha kusini kwa kidevu, "kuna klabu inayoningoja. Kama ningeshindwa jana na kijana asiyejulikana, habari zingenitangulia. Wangejiuliza kama mimi bado ni mimi. Wasiponialika mwaka kesho, nitarudi kwenye saa zangu, na macho yangu siku hizi hayaoni tena visikurubu vidogo. Jana ulidhani ni wewe peke yako uliyetetemeka kwenye meza ile."

Nilimwambia kwamba kwetu, ukimvua mfalme kila kitu, umeshinda. Alifikiri kama mtu anayeheshimu jambo.

"Nimewahi kusikia. Watu wa zamani walicheza hivyo. Si sheria mbaya. Lakini haikuwa sheria ya meza ile, na mimi niliona usoni mwako kwamba hujui. Niliona pia kwamba unapenda kula. Kwa hiyo nikakupa cha kula."

Kengele ikagongwa. Akachomoa vipande kimoja kimoja, akavirudisha kwenye kisanduku chake. Neno lake la mwisho nitakupa kama alivyolisema, maana nimelirudia mara nyingi kuhakikisha sikulipamba. "Uliponiachia kitu kimoja, nilikuwa mtu wa kushindwa. Ulipoondoa hicho kimoja, nikapona. Mtu usiyemwachia mahali pa kukanyaga huwezi tena kumshinda." Kisha akaniuliza nimekuja kufanya nini hapa. Nikamwambia, telegrafu. Akatikisa kichwa kwa kuridhika, kama Baba hasa. "Kazi ya kukaa," alisema. "Nzuri. Mchezaji asiye na kazi hucheza kwa hofu."

Akapanda. Sikumwona tena.

Nilifanya kazi Sakania miaka mingi. Usidhani nilikuwa na furaha tangu siku ya kwanza. Nilikuwa na hofu, nilikuwa na upweke, na nilimkasirikia baba yangu kwa muda mrefu kuliko alivyostahili. Lakini mishahara ilinunua vitabu, na vitabu nilivisoma kuanzia mwisho, sehemu ile ambayo vipande ni vichache. Nilijifunza mambo ambayo barazani hatukuyafikiria. Mwenzangu wa stesheni ya jirani alipenda mchezo huo pia, na treni zikishapita tulipashana hatua kwenye waya, moja baada ya nyingine. Na miaka michache baadaye, nchi ilipogeuka kwa uhuru, na Wazungu waliozoea kutuambia saa ya kuingia na saa ya kutoka walipoduwaa kuona hatuogopi tena, nilikumbuka pembe ile ya ubao. Walikuwa wamechukua kila kitu, wakaweka kiganja juu ya meza.

Likizo yangu ya kwanza nilikwenda kwa Mzee Ramazani hata kabla sijafika nyumbani. Baraza ilikuwa ile ile, chai ile ile. Lakini kulikuwa na desturi mpya. Mgeni yeyote alipoketi, kabla ya kipande cha kwanza kusogezwa, Mzee aliuliza, "Tunacheza ya hapa ao ya kule?" Na yeyote asiyeijua ya kule, alifundishwa papo hapo mpaka mwisho wake. Baba alikuwepo siku hiyo. Alikuwa ameketi mbele ya ubao, mikono yake ya tanuru ikishika askari kama inashika yai. Hakunieleza alianza lini, nami sikuuliza. Aliniambia tu, "Ikaa. Ya kule."

Alinishinda, mwanangu, maana nilikuwa nikimtazama yeye badala ya kuutazama ubao. Alinikamata mfalme, na askari wangu mmoja akiwa bado amesimama.

Sasa shauri langu ni hili. Nenda Kinshasa. Mama yako atakasirika kwanza, nitasema naye. Lakini usiache masomo kwa ajili ya safari moja. Omba ruhusa, nenda, rudi, kaa kwenye dawati lako. Mabingwa uliosoma habari zao walikuwa na kazi mikononi, na wale ambao hawakuwa nayo waliitamani. Cheo huja kimechelewa na hakileti unga. Ukiwa na kitu cha kurudia, utaketi mezani ukiwa mchezaji. Usipokuwa nacho, utaketi ukiwa mfungwa, kama mimi nilivyoketi, na mfungwa huona mlango mahali ambapo hapana mlango.

La pili: kila mahali unapofika, hata kama umeshinda mara elfu nyumbani kwenu, uliza namna wanavyomaliza. Usione haya. Haya ya kuuliza hupita kabla chai haijapoa. Haya ya kutouliza mimi nimekaa nayo mpaka mvi.

Na la tatu, ambalo si la ubao peke yake. Mtu akikuachia kitu cha kula bila mlinzi, ondoa mkono wako mezani na umtazame yeye amebakiwa na nini. Usipende kumvua mwenzako mpaka uzi wa mwisho, awe mpinzani, awe mke, awe mtu uliyepewa kumtawala. Mshinde, ikiwa lazima ashindwe, lakini mwache na askari wake mmoja.

Sogea karibu nikushike kichwa. Mungu akutangulie njiani na akulinde na tumbo la hofu. Na likikushika, akukumbushe kwamba aliye mbele yako analo pia. Akupe wa kukuuliza kabla hujaanza, na wa kukungoja ukirudi. Na kila pembe utakayosukumiwa, mwanangu, hata iwe ndogo namna gani, akuachie siku zote mahali pa kukanyaga.